Kumjua Samuel Johnson: uanze na Boswell au Bi Piozzi?

Hili swali haliishi kwa wapenzi wa fasihi ya Kiingereza, ukitaka kumsikia Johnson, yule mwandishi na mtunga kamusi Mwingereza wa karne ya 18, akiongea, ushike kitabu alichoandika rafiki yake James Boswell juu yake, cha 1791, au cha Hester Piozzi cha 1786? Bei isikusumbue, haki zake zilishaisha zamani, vyote unavipata bure mtandaoni.

Kwa uhakika Boswell yuko juu. Jamaa alizoea kuandika maongezi yakiwa bado ya moto, tarehe anakupa, nani alikuwepo mezani anakupa, mpaka yule paka Hodge na chaza ambazo Johnson alikuwa anatoka mwenyewe kwenda kumnunulia. Ila walikutana 1763 mzee ana miaka 53 tayari, halafu Boswell kwao Scotland, kwa hiyo ni mtu wa kuja na kuondoka.

Bi Piozzi ndo aliishi naye, nyumbani kwa huyu mama kule Streatham, karibu na London, Johnson alikuwa na chumba chake kabisa. Siku moja anasoma shairi lake mwenyewe la 1749, lile la ubatili wa matamanio ya binadamu, kufika pale kwenye taabu za msomi akaangua kilio. Hapo mi huwa naweka kitabu chini kwanza. Tatizo tarehe zake hazieleweki vizuri, na aliandika baada ya kukosana na mzee juu ya ndoa yake ya pili.

Boswell ni mrefu mno, Piozzi unammaliza wikendi. Kama una pepa ya chuo nenda na Boswell, kama umeshayasoma mashairi na unataka kujua aliyeyaandika aliumia wapi, mfungue Piozzi.