Siskel au Ebert: nani wa kumsikiliza?

Gene Siskel wa gazeti la Chicago Tribune na Roger Ebert wa gazeti la Chicago Sun-Times walianza kuhakiki filamu mpya pamoja kwenye televisheni mwaka 1975. Ebert aliipima filamu kwa aina yake: ya kutisha ilinganishwe na nyingine za kutisha, si na tamthilia nzito. Kwa anayetaka burudani ya Ijumaa usiku, huyo anatosha.

Siskel alikuwa mgumu zaidi. Aliuliza kama filamu inavutia kuliko kuwatazama waigizaji wale wale wakila chakula cha mchana. Swali kali hilo, na filamu nyingi zenye majina makubwa hazilivuki! Mwishoni wote wawili waliinua dole gumba kuisifu filamu, au kulishusha kuikataa. Mimi, tiketi ikiwa ni pesa yangu, namfuata Siskel.