Diski ya mtumba ya elfu tisini Kariakoo: inalala mno

Wakuu, nina kibanda cha kuingiza muvi Mbagala, mteja analeta flashi namjazia. Juzi kati nikanunua diski ya mtumba TB 2 Kariakoo, elfu tisini, ile kubwa ya desktop, muuzaji ananiambia boss wangu hii ndo ya kubana matumizi, haili umeme, LUKU yako itakaa. Nikabeba.

Siku ya pili tu nikaanza kuisikia. Ukimaliza kukopi ikikaa kidogo inapiga "tik", ule mkono wa kusomea unajipaki pembeni, ukiigusa tik tena unarudi. Nimepima kwa saa ya simu ni sekunde 8! Kutwa nzima tik tik kama mjusi ukutani.

Nikashusha CrystalDiskInfo, programu ya kuangalia afya ya diski, mstari wa C1 unasoma 0000000343F7, nikajua imeoza hii, kumbe inaandika kwa heksa, namba zinazochanganya na herufi A mpaka F, ukigeuza iwe namba za kawaida ni 214,007. Hizo ni mara ambazo mkono umeshajipaki. Sasa diski nyingi za desktop zimepimiwa laki 3, na kwangu inajipaki kama mara mbili kwa dakika, masaa kumi ya kazi ni mara 1,200, kwa hiyo zilizobaki zinaisha ndani ya siku sabini na kitu. Sio kwamba siku hiyo inakufa, ila imevuka kipimo chake na muvi zangu zote zimo humo.

Umeme wenyewe anaousifia sasa. Diski ya hivi ikizunguka bure inakula wati 4 au 5, ikilala kabisa haifiki 1. Hata ilale masaa kumi kila siku, mwezi mzima unaokoa uniti moja na kitu, feni langu la wati 50 linaimaliza siku moja likikesha. Na ile ya kupaki mkono tu hata hapo haifiki, maana sahani za ndani ya diski bado zinazunguka.

Ninachokubali ni joto. Kibanda cha bati, mchana nimeikuta nyuzi 53, na nyingi mwisho wake ni 60, ikilala kweli inapoa. So ile ya Windows ya kuizima baada ya dakika 20 sijaitoa, nimeivuta tu mpaka lisaa, maana mteja kasimama na flashi yake diski ndo kwanza inaamka, dirisha limeganda, anaanza bro mashine yako imekufa nini.

Humo humo kwenye CrystalDiskInfo kuna APM, mpangilio wa diski wa kubana umeme, ndo unaoipaki mkono; nikaipandisha mpaka mwisho, FE kwa heksa, yaani isibane, tik ikakata. Ila yangu ukizima mashine inasahau, ikabidi CrystalDiskInfo niiweke iwe inawaka pamoja na Windows, iirudishe yenyewe.

Diski nyota 3. Muuzaji 2, nilimpigia mbona hukuniambia hii habari, akanijibu "sasa boss si nilikwambia haili umeme".