Nimemaliza mwezi kwenye kachuo ka kweli kinzani pale Sinza

Jumamosi nne, buku kumi kila Jumamosi, na watu wananiuliza inbox kama inalipa. Inalipa, nendeni. Kwa ambao hawajui, kweli kinzani ni zile hoja unazikubali hatua kwa hatua halafu ukifika mwisho akili inagoma kabisa.

Kilichonishika ni vikombe. Ticha kafunika vikombe vitatu vya kahawa, punje ya mahindi iko chini ya kimoja, unachagua chako, halafu yeye ambaye anajua ilipo anafunua kimoja kitupu kati ya viwili vilivyobaki, anakuuliza unabaki na chako au unahamia kile kingine? Darasa zima tukasema ni nusu kwa nusu tu, tena mi nilibisha kwa sauti maana nimekulia karibu na stendi nikiona watu wanavyoliwa kwenye karata tatu. Hakubishana na mtu, akatupanga wawili wawili tukacheza wenyewe. Mimi na mwenzangu tulicheza mara 60 tukiandika kwenye daftari, za kubaki 30 tukashinda 11, za kuhama 30 tukashinda 19. Sababu ukiiona unashika kichwa: pale mwanzo unakosea mara mbili katika tatu, na kila ukikosea punje iko kwenye kile alichokiacha. Mwaka 1990 Marilyn vos Savant, mwandishi wa Marekani, alitoa jibu hilihili la kuhama gazetini akaletewa barua kama 10,000, nyingi zikimwambia kakosea, zingine za watu wenye PhD! Na karata tatu ni kitu kingine kabisa, mule mchezeshaji anacheza ili ukose.

Siku ya somo la birthday tulikuwa 26, wawili wakagongana tarehe za kuzaliwa. Watu wakiwa 23 tu uwezekano wa wawili kugongana umeshavuka nusu.

Sasa walipokosea. "Sentensi hii ni ya uongo", ikiwa ya kweli basi ni ya uongo, ikiwa ya uongo basi ni ya kweli, mi nilienda kwa ajili ya hiyo jamani, na ikapewa dakika kumi tukaruka kwa Russell, yule mwanafalsafa wa Uingereza. Ingestahili Jumamosi yake. Ila ya Russell ilifundishwa vizuri mno, jinsi alivyomwandikia Frege, mwanahisabati wa Ujerumani, barua 1902 kumwonyesha mkanganyiko kwenye msingi wa kazi yake, wakati juzuu ya pili iko mtamboni, na Frege akakubali na kuongeza kiambatisho kitabuni. Chumba kizima kilikaa kimya.

Kuanza wanachelewa, saa nne inakuwa saa tano kasoro, na feni ni moja, wahini kiti cha dirishani. Karatasi za kwenda nazo nyumbani hawatoi kwahiyo bebeni daftari. Vikombe nimeshamchezea dada yangu mara nne, bado anakataa kuhama.