Saa nne ndani ya The Clock

Niliingia Tate Modern, jumba la sanaa ya kisasa jijini London, mwishoni mwa 2018, nia yangu ikiwa kuchungulia dakika ishirini tu. Nilitoka baada ya saa nne, njaa inauma.

The Clock ya msanii Christian Marclay ni video ya saa 24. Imeungwa kwa maelfu ya vipande vya filamu na vipindi vya televisheni, na karibu kila kipande kina saa ndani yake: ya ukutani, ya mkononi, ya kituo cha treni, au mtu anauliza tu ni saa ngapi. Saa unayoiona kwenye skrini ndiyo hiyo hiyo iliyopo nje, kwa sababu video huendeshwa sambamba na majira ya mahali inapooneshwa. Kwa hiyo hakuna mwanzo wa kuuwahi. Unakuta sofa, unakaa, unadakia hapo hapo.

Sisi tunaoanza kuhesabu saa jua likichomoza tuna kazi ya ziada humo. Mwigizaji anataja kumi na mbili kwa Kiingereza, mimi kichwani namwona jogoo anawika. Kumbe ni mchana kweupe! Nilichukua muda kuacha kutafsiri na kuitazama mishale tu.

Saa sita kamili ndiyo iliyonikamata. Wasiwasi unapanda dakika baada ya dakika, halafu kengele zinalia. Baada ya hapo kasi inalegea, watu wanaanza kula chakula cha mchana, nami nikakumbuka kwamba sijala.

Kilichonishangaza zaidi ni sauti. Marclay alianza na santuri, akizichezesha na kuzichanganya kama ala ya muziki, na ujuzi huo unasikika. Picha inakatika lakini muziki wake unaendelea chini ya filamu nyingine kabisa, ya miaka mingine na nchi nyingine, hadi unaamini kwamba mtu wa kule kweli anapigiwa simu na mtu wa huku. Miezi na miezi ya kuhariri, na mshono huuoni.

Lawama ninazo. Kila kisa kinakatwa kabla hakijaiva, na ukiwa mtu wa kutaka kujua nani kamuua nani, utateseka. Tena sinema za Marekani na Ulaya ndizo zilizotawala. Ulimwengu uliobaki unapita kama mgeni.

Usiitafute mtandaoni. Imetolewa kwa nakala chache sana zinazomilikiwa na majumba ya makumbusho na wakusanyaji, ingawa ilimpatia Marclay tuzo ya Simba wa Dhahabu kwenye maonesho ya sanaa ya Venice mwaka 2011. Ikioneshwa mahali unapoweza kufika, kula kwanza, kisha nenda peke yako. Rafiki asiye na subira atakutoa mapema.

Pembeni yangu bwana mmoja alikunja mkono wa shati aangalie saa yake. Akaduwaa, akainua macho kwenye skrini, akacheka peke yake.

Mimi bado nadai saa 20.