Kadi ya kodi za maradhi ya watoto wachanga: mbele safi, nyuma ipitieni na maka peni

Wenzangu wa kumbukumbu za hospitali na nyie wauguzi wa wodi za watoto wachanga mnaoniuliza kuhusu ile kadi ya kodi za ICD-10 (si kodi ya serikali, ni zile herufi na namba za kuandikia maradhi, kutoka Shirika la Afya Duniani, WHO) inayouzwa Chake Chake, kwenye duka moja la steshenari: ninayo, naitumia kila zamu. Nunueni, lakini msiitundike ukutani kabla hamjairekebisha.

Bei shilingi 3,000. Ni A4 iliyopigwa leminesheni nene, na hilo si dogo kwa meza ya wodini, maji huku, spiriti kule. Maandishi nayasoma bila miwani.

Upande wa mbele umepangwa na mtu aliyekaa wodini, wallahi. Hakufuata mpango wa kitabu cha ICD-10, ameanza na yale yanayotujia kila siku: kukosa hewa wakati wa kuzaliwa, kupumua kwa shida, maambukizi ya damu, manjano. Anayejua kulipekua juzuu la tatu, lile la faharasa, saa nane za usiku huku sista anataka faili, ataelewa raha yake.

Kilichonifurahisha zaidi ni maelezo chini ya P21, ile ya kukosa hewa wakati wa kuzaliwa. Kadi inasema P21.0 ni alama za Apgar (zile anazopewa mtoto akizaliwa, kati ya kumi) 0 hadi 3 katika dakika ya kwanza, na P21.1 ni 4 hadi 7, kisha inaonya kuwa kodi hii haitumiki kwa alama ndogo peke yake, ikiwa daktari hakutaja kukosa hewa wala tatizo jengine la kupumua. Wangapi kwetu wakiona 5 tu kwenye faili mkono ushaandika P21.1? Mwisho wa mwezi ripoti inasomeka kama kwamba nusu ya watoto wetu walizaliwa hawapumui. Kwa mstari huo tu pesa yangu imerudi. Na kwenye P36, maambukizi ya damu, imekumbusha kwamba kama maabara haikuotesha damu kumjua mdudu, kodi ni P36.9, ya mdudu asiyetajwa, usimkisie.

Sasa igeuzeni.

Uzito mdogo, P07.1, wameandika "gramu 2,500 na chini". Sivyo. P07.1 ni gramu 1,000 hadi 2,499. Kuanzia 999 kushuka ni P07.0. Mtu atasema gramu moja ina nini. Mnazijua rejista zetu: mizani ikisoma 2,480 au 2,530, mkono unaandika 2,500, ukurasa mzima 2,500. Ukiitii kadi hii, watoto wote hao wanaingia kwenye hesabu ya uzito mdogo, hata yule wa 2,530 ambaye sindano ya mizani haikusema hivyo.

Tena wameacha maelezo muhimu kuliko yote ya P07: ukiwa na uzito na umri wa mimba vyote viwili, uzito ndio unaotangulia. Kwetu hilo lina maana khasa, maana mama anakwambia mimba imeingia "Mfungo Tatu hivi, baada ya Iddi", na wewe uitoe humo P07.3, ya mtoto njiti wa wiki 28 hadi kabla ya 37 kutimia! Mizani angalau unaiona.

Jengine, kadi nzima imejaa P, kana kwamba mtoto mchanga haumwi kisichoanza na herufi hiyo. Uambukizi wa kitovu upo, P38, sawa. Pepopunda ya watoto wachanga, A33, haimo. Kaswende ya kuzaliwa nayo, A50, haimo. Mdomo wa sungura na mgongo wazi viko kwenye Q, kodi za kasoro za kuzaliwa nazo, navyo havimo. Karani mgeni atatafuta, atakosa, atamalizia P96.9, ile ya tatizo lisilotajwa, na mtoto wa pepopunda kapotea kwenye takwimu.

Nilirudi dukani.

"Mwanangu, hii nani kawaandikia?"

"Katuletea mtu kwenye flashi, Bi. Sisi twachapa tu."

Kijana ana adabu, kanipa kiti, kaandika masahihisho yote. Lakini nilipomwambia zilizobaki asiziuze hivyo hivyo, kasema tajiri anataka ziishe kwanza. Hapo nyota moja nimeiondoa. Nyengine nimeiondoa kwa sababu ya P07. Zimebaki tatu kati ya tano.

Mnaosikia habari za ICD-11, toleo linaloifuata ICD-10, lililoanza kutumika Januari 2022: kodi zake ni nyengine kabisa, msizichanganye na za kadi hii. Na mkiwa na bando, ICD-10 yote ipo bure kwenye tovuti ya WHO, linganisheni wenyewe.

Mkifika dukani, geuzeni nyuma kabla ya kutoa pesa. Mkikuta 1,000–2,499, hizo ndizo mpya. Chukueni na yangu moja, nitawalipa.