Gereji ya Nyakato iliyoniondolea tope la injini
Gari langu, ambalo kwa miaka 3 lilizunguka kati ya Kirumba na katikati ya jiji la Mwanza kwa safari fupi zisizoipa oili muda wa kupata moto na kukausha unyevu, lilianza kuwasha taa ya oili kila niliposimama foleni. Fundi alikataa kumwaga dawa ya kusafishia injini, kwa kuwa tope, yaani oili iliyoganda ndani ya injini, likibanduka vipande vipande huweza kuziba chujio la pampu ya oili. Badala yake alifungua sampu, yaani bakuli la oili chini ya injini, akanionyesha wavu wa chujio hilo uliofunikwa na uji mweusi mzito kama lami, akausafisha kwa mkono. Nilimheshimu sana kwa uamuzi huo. Masizi yaliyoganda kwenye vali, yaani vilango vya kupitishia hewa na moshi ndani ya injini, hakuyagusa, jambo lililonisikitisha. Sasa nabadilisha oili na filta kila kilomita 5,000, na taa haijawaka tena.