Ramu Ipi Ununue kwa Kokteli za Kitropiki Nyumbani: Kuanzia ya Kwanza Hadi ya Kuacha Rafuni

Nanasi lina nguvu kuliko watu wanavyodhani. Ndimu ina ukali wake, na nazi ina mafuta yanayotanda ulimini na kufunika kila kitu. Ukivichanganya vitu hivi vitatu na ramu dhaifu, ramu inamezwa, unabaki na juisi tamu yenye kileo ndani. Kwa hiyo nimepanga chupa hizi kwa swali moja tu: baada ya matunda na barafu kuingia, ramu bado inajulikana kwamba ipo?

Namna ya kujaribu ni rahisi. Kijiko kimoja cha ramu, kijiko kimoja cha juisi ya nanasi, matone machache ya ndimu. Nusa, onja, subiri. Ramu nzuri hurudi baada ya kumeza; harufu yake inabaki kooni wakati tunda limeshaondoka. Ramu dhaifu haitarudi hata uisubiri vipi.

Usinunue kwa rangi

Ramu hupangwa rafuni kwa rangi: nyeupe, ya dhahabu, nyeusi. Hata maelekezo mengi ya kokteli yanaandikwa hivyo, "ramu nyeupe kiasi fulani", basi. Rangi haikuambii jambo la maana. Ipo ramu nyeupe iliyokaa pipani miaka mitatu kisha ikachujwa kwa mkaa hadi rangi ikafifia, na ipo nyeusi tititi ambayo bado ni changa, weusi wake wote ni karameli iliyotiwa kabla ya kujazwa chupani.

Chupa yangu ya kwanza niliichagua kwa weusi wake na kwa mchoro wa merikebu kwenye lebo. Nilitengeneza nayo kokteli ya Mai Tai, nikapata kitu kama peremende ya vanila iliyoyeyuka. Nikadhani nimekosea vipimo. Nikapunguza shira, nikaongeza ndimu, wapi. Hadi siku niliyodondosha matone mawili kiganjani, nikasugua mpaka kileo kikakauka, vidole vikanata. Hapo nikaelewa. Ramu inapotoka mtamboni, pale inapokenekwa kwa kuchemshwa na mvuke wake kukusanywa, haina sukari: sehemu kubwa ya sukari ya muwa imeliwa na hamira, na iliyosalia haipandi na mvuke. Ikinata mkononi, kuna mtu ameiongezea. Jaribio hilo la kiganja nalifanya kwa kila chupa mpya. Umoja wa Ulaya umeweka ukomo tangu 2021: kinachouzwa kwa jina la ramu hakiruhusiwi kuzidi gramu 20 za sukari kwa lita. Gramu 20 ni nyingi vya kutosha kuharibu vipimo vya kokteli yako, kwa hiyo jua unachonunua.

Kwenye lebo, basi, tafuta nchi ilikotoka, aina ya mtambo, umri, na kiwango cha kileo. Mtambo wa chungu hukeneka kwa mikupuo na kuacha harufu nyingi zipite. Mtambo wa mnara hufanya kazi mfululizo na kutoa kileo chepesi, kisafi. Umri uwe umeandikwa kwa miaka. Namba kubwa iliyosimama peke yake, bila neno la miaka, mara nyingi ni pambo. Kileo kisipungue asilimia 40. Kwa vinywaji vya matunda, 43 hadi 50 ni bora zaidi, kwa sababu ukitikisa na barafu unaongeza maji mengi.

1. Jamaika, iliyokaa pipani

Kama unanunua chupa moja tu, iwe hii. Ifungue na uinuse kabla hujamimina: ndizi iliyoiva hadi ganda limeanza kupata madoa, ganda la nanasi lililokaa siku mbili, kisha mbao na karameli nyuma kabisa. Kuna watu hushtuka mara ya kwanza. Usishtuke. Hiyo harufu nzito ndiyo itakayopenya ndani ya ndimu na nazi.

Inatoka kwenye uchachushaji. Mitambo mingi ya dunia huchachusha molasi (uji mweusi mtamu unaobaki sukari ya miwa ikitengenezwa) kwa siku moja au mbili. Baadhi ya viwanda vya Jamaika huacha kwa wiki nzima na zaidi, na hurudisha ndani ya pipa la kuchachushia mabaki ya ukenekaji uliopita, machachu kwelikweli, ambayo wenyewe huyaita dunder. Bakteria na hamira hufanya kazi pamoja, asidi zinakutana na kileo, zinazaliwa esta, na esta ndizo zinazonukia matunda. Ukiona ramu ya Jamaika na nanasi vinapatana, ni kwa sababu ndani yake kuna harufu za jamii moja.

Appleton Estate ya miaka 8, yenye asilimia 43, inatosha kwa karibu kila kitu. Ukitaka kali zaidi, Smith & Cross ni ya mtambo wa chungu pekee, asilimia 57, na mililita 30 zake zinafanya kazi ya 60 za nyingine.

Ushahidi mzuri ni Mai Tai yenyewe. Victor Bergeron, aliyejulikana kama Trader Vic, aliitengeneza mwaka 1944 kule Oakland, California, kwa ajili ya kuionjesha ramu ya J. Wray & Nephew ya miaka 17 kutoka Jamaika. Hakutia nanasi hata tone, ingawa baa nyingi leo hukuletea glasi iliyojaa nanasi na maji ya komamanga kwa jina hilo hilo. Tengeneza hivi: ramu mililita 60, ndimu iliyokamuliwa papo hapo 30, curaçao (kileo kitamu cha machungwa) 15, shira ya lozi 15, shira ya kawaida kijiko kimoja cha chai na nusu. Tikisa na barafu iliyopondwa, mimina vyote kwenye glasi, chomeka tawi la nanaa karibu na pua ya mnywaji.

2. Barbados

Kwa mtu anayeogopa ukali wa Jamaika, au anayewapikia wageni asiowajua ladha zao. Ramu za kisiwa hiki kwa kawaida huchanganya ya mtambo wa chungu na ya mtambo wa mnara, kwa hiyo zina mwili lakini hazipigi kelele. Kiwanda cha Mount Gay kinajivunia hati ya mwaka 1703, na Foursquare hutengeneza Doorly's, ambayo ni moja ya chupa za kuaminika sana kwa daiquiri, kokteli ya ramu, ndimu na sukari. Sijaiweka ya kwanza kwa sababu kwenye nazi nzito inaanza kurudi nyuma. Kwenye ndimu na sukari peke yake, sina neno dhidi yake.

3. Demerara, kutoka Guyana

Hii ni ramu ya moshi mwepesi, zabibu kavu na molasi. Guyana bado wanatumia mitambo ya mbao, ule wa chungu wa Port Mourant na ule wa mnara wa Enmore, vyote sasa vikiwa katika kiwanda kimoja cha Diamond. El Dorado ndilo jina utakalokutana nalo zaidi. Inapendana na mdalasini, balungi na vitu vichungu. Jungle Bird, kinywaji kilichozaliwa Kuala Lumpur katika miaka ya 1970 kwa nanasi, ndimu na Campari (kileo chekundu kichungu cha Italia), kinakaa vizuri sana juu ya ramu ya namna hii. Fanya jaribio la kiganja lakini. Baadhi ya ramu za mtindo huu zimeongezewa sukari, na hapo punguza shira.

4. Nyeupe nyepesi, za mtindo wa Cuba na Puerto Rico

Najua wengi wangeziweka juu. Ndizo ramu za asili za daiquiri, iliyochukua jina la mahali karibu na Santiago de Cuba, na za piña colada, kokteli ya nanasi na nazi, ambayo Puerto Rico iliitangaza kinywaji cha taifa mwaka 1978. Ni safi, zimeenea, hazina kosa. Lakini ndani ya piña colada zinazama. Ukizipenda kwa wepesi wake, Havana Club ya miaka 3 au Don Q zitakufaa. Ukitaka nyeupe yenye uti wa mgongo, tafuta Probitas, inayochanganya ramu ya Foursquare ya Barbados na ya Hampden ya Jamaika. Hiyo peke yake ningeipandisha hadi nafasi ya pili.

5. Ya juisi ya miwa, kutoka Martinique

Hii haitengenezwi kwa molasi. Miwa inakamuliwa, juisi inachachushwa ikiwa mbichi, na ndani ya chupa unasikia nyasi, pilipili na zeituni. Ramu ya Martinique, kisiwa cha Karibi kilicho chini ya Ufaransa, inalindwa tangu 1996 kwa hati ya Ufaransa inayothibitisha mahali ilikotoka. Naipenda mno, na ndiyo maana sitaki uanze nayo: inatawala kila inapoingia, na ukiitia kwenye maelekezo yaliyoandikwa kwa ramu nyingine utadhani umeharibu. Nunua ikiwa tayari una chupa mbili nyumbani.

Ya kijiko, na za kuacha

Wray & Nephew nyeupe ya asilimia 63 si chupa ya msingi, ni kiungo. Kijiko kimoja cha chai juu ya piña colada iliyotengenezwa kwa ramu laini kinaiamsha yote. Iweke mbali na moto, inashika upesi.

Ramu ya viungo iache. Vanila na mdalasini vitiwe na wewe mwenyewe, kwa kiasi chako. Vivyo hivyo chupa za ladha ya nazi: nyingi ni likeri, yaani vileo vitamu vya ladha, za asilimia 21 hivi, tamu tayari, na Ulaya haziwezi hata kuitwa ramu, kwani huko ramu haishuki chini ya 37.5.

Fedha iliyobaki

Itumie kwenye ndimu mbichi, barafu nyingi na kikombe kidogo chenye alama za mililita. Juisi ya ndimu ya chupani inaua ramu yoyote niliyoitaja hapa, hata ile ya Jamaika. Shira usinunue: sukari na maji kwa ujazo sawa, koroga hadi iyeyuke, weka kwenye friji. Shira ya lozi nunua ile ambayo lozi zenyewe zimo kwenye orodha ya viambato.

Kwa piña colada, angalia kopo mara mbili. Krimu ya nazi iliyotiwa sukari, kama Coco López, na tui la kawaida la kopo hukaa rafu moja na yanafanana picha. Maelekezo mengi yanataka ya kwanza. Ukibeba tui, ongeza shira, la sivyo kinywaji kitakuwa bapa na chenye mafuta. Vipimo vyangu ni ramu 60, juisi ya nanasi 90, krimu tamu ya nazi 45, na ndimu 15 ambayo wengi huisahau.

Chupa mpya ikifika, usianze na nanasi. Tikisa ramu mililita 60, ndimu 25 na shira 20 kwa sekunde kumi na mbili, mpaka chombo kiume vidole kwa baridi, kisha chuja kwenye glasi iliyolala frijini. Inywe polepole uisikilize ramu ikiwa karibu uchi. Ikikupendeza hapo, kata nanasi.